Ukoo wa Mbeere ulizaliwa upya kwenye kamati ya ardhi

Mgogoro wa ardhi unapozuka Mbeere, iwe ni Siakago, Ishiara, Kiritiri au Makima, swali la kwanza huwa ni la ukoo. Ukoo gani ulifika hapa kwanza, nani anausemea, wazee wake wana ushahidi gani? Tumezoea kuamini kwamba swali hilo limetufikia zima kutoka kwa mababu, na Katiba ya Kenya ya 2010 imelipa nguvu mpya. Kifungu cha 159 kinazitaka mahakama zikuze njia za jadi za kutatua migogoro, na tangu 2020 idara ya mahakama ina sera rasmi ya kuzipa njia hizo nafasi. Sina ugomvi na wazee wanaoketi na kusuluhisha majirani. Ninachosema ni kwamba ukoo tunaoukabidhi kazi hiyo katika mambo ya ardhi si wa kale kama tunavyodhani. Kwa umbo ulio nalo leo, wenye kamati, michango, msemaji na nasaba iliyopangwa kwa ajili ya kesi, ulijengwa kwa sehemu kubwa mwishoni mwa miaka ya 1960 na katika miaka ya 1970, na aliyeusababisha ujengwe ni serikali iliyojiita ya kijamaa. Ushahidi upo na ulikusanywa hapa hapa. Anayetunga sera ya mila bila kuusoma anawapa watu wachache silaha, huku akiwaambia wengine kwamba silaha hiyo ni urithi wao wote.

Msomaji atauliza Kenya ilikuwa na ujamaa lini. Ilikuwa nao kwenye waraka, na waraka huo ulitawala. Mwaka 1965 serikali ya Jomo Kenyatta ilichapisha Waraka Nambari 10 kuhusu Ujamaa wa Kiafrika na matumizi yake katika mipango ya Kenya. Aliyebeba jukumu lake ni Tom Mboya, aliyekuwa Waziri wa Mipango na Maendeleo ya Uchumi. Waraka uliukataa Umarx, ukaukataa pia ubepari wa kila mtu kujitwalia apendavyo, ukaahidi kujenga juu ya misingi miwili ya jadi: demokrasia ya kisiasa na wajibu wa watu kusaidiana. Ulipofika kwenye ardhi, ukabadili mwendo. Ulikiri kwamba katika jadi ya Kiafrika kila mwanajamii alikuwa na haki ya kutumia ardhi, lakini ukashikilia kwamba kilimo cha kisasa kinataka mikopo, mikopo inataka dhamana, na dhamana ni hati miliki. Hapo ukakutana na Mpango wa Swynnerton wa 1954, ambao wakoloni waliutunga wakati wa Hali ya Hatari. Ukasema na jambo jingine, ambalo watu wa nchi kavu wanalikumbuka hadi leo: fedha za maendeleo ziende kwanza mahali penye ardhi nzuri na mvua ya kutosha, kwa kuwa huko ndiko zitakakozaa zaidi. Mbeere haikuwa mahali hapo. Embu ya juu, upande wa Runyenjes na Manyatta, ilikuwa na kahawa na chai. Mbeere, inayoteremka kutoka miguuni mwa Mlima Kenya kuelekea Mto Tana, ilikuwa na mawele, mtama, kunde, mbaazi, mbuzi na mizinga ya nyuki.

Waraka ulipata wakosoaji mapema. Julai 1965, mwanauchumi Barack H. Obama, babake rais wa baadaye wa Marekani, aliuchambua katika jarida la East Africa Journal. Aliuliza jamii inayosifiwa kwamba haikuwa na matabaka itazuiwaje isiyazae kesho, na akataka ushirika wa koo upewe nafasi kabla ya kukimbilia hati za mtu mmoja mmoja. Hoja yake ya kwanza ilithibitishwa na miaka. Ya pili ndiyo inayonihusu hapa, maana yeye na watunzi wa waraka, pamoja na kupingana kwao, waliamini jambo moja: kwamba ukoo ni kitu kilichopo tayari, chenye mipaka yake na ardhi yake. Yeye aliona unafaa kukabidhiwa kazi. Mantiki ya waraka ilikuwa kwamba hati zikishatoka, ukoo utajiondoa wenyewe kwenye mambo ya shamba. Mbeere haikufuata njia ya Obama wala ya waraka.

Kabla ya upimaji wa ardhi na utoaji wa hati, koo za Mbeere zilikuwepo na zilikuwa na uzito wake. Kila mtu alijua muviriga wake, yaani ukoo wake, akajua kama yuko upande wa Irumbi au wa Thagana, pande mbili ambazo koo ziligawanyika, na ujuzi huo uliongoza ndoa na adabu. Lakini watu wa ukoo mmoja hawakuishi mahali pamoja. Walitawanyika, wakachanganyika na wengine, wakahama mvua ilipokosekana au udongo ulipochoka. Aliyefyeka pori akalima alikuwa na haki juu ya alichokifyeka, na aliyeshughulika na haki hiyo kila siku alikuwa mtu na wana wa baba yake, au wajukuu wa babu mmoja. Ardhi iliweza kutolewa kwa mwingine kwa mbuzi, na mbuzi waliporudishwa ardhi nayo ikarudi. Malisho, kuni na dawa za porini vilikuwa wazi kwa walio wengi. Ukoo mzima kukutana, kuweka hazina na kudai eneo lenye mipaka halikuwa jambo la kawaida, kwa sababu rahisi kwamba hapakuwa na haja: watu walikuwa wachache na ardhi ilikuwa tele.

Haja hiyo ililetwa na Sheria ya Uamuzi wa Haki za Ardhi ya 1968. Chini yake, eneo likitangazwa, mtu anayedai ardhi hudai mbele ya kamati ya wakazi wasiopungua 10. Kamati ikishindwa, shauri huenda kwenye baraza la usuluhishi. Daftari la mashamba likishawekwa wazi, mwenye malalamiko ana siku 60 za kupinga kwa afisa anayehusika, na asiporidhika na uamuzi wake ana siku 60 nyingine za kukata rufaa kwa waziri, ambaye neno lake ndilo la mwisho. Nyuma ya yote hayo kulikuwa na Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya 1963, ambayo ilisema kwamba usajili wa kwanza hauwezi kurekebishwa na mahakama hata kama ulipatikana kwa udanganyifu. Mzee wa Mbeere aliyeambiwa hayo alielewa mara moja maana yake. Kushindwa leo ni kushindwa kabisa. Hakuna mbuzi watakaorudishwa. Na mbele ya kamati, mtu mmoja na ndugu zake wawili hawakuwa na nguvu ya kubishana juu ya bonde zima na kundi la watu 200 waliojipanga.

Basi watu wakajipanga. Mwanaanthropolojia Jack Glazier aliyafuatilia haya karibu tangu yalipoanza, na kitabu chake juu ya ardhi na matumizi ya mila kwa Wambeere, kilichotoka 1985, kinaonyesha mambo hatua kwa hatua. Watu waliokuwa wakijuana kwa jina la ukoo tu walianza kufanya mikutano. Wakachangishana fedha, wakauza mbuzi kulipia gharama za kesi, wakachagua wasemaji wanaojua kujieleza mbele ya maafisa. Vijana waliosoma wakawa na thamani mpya kwa sababu waliweza kuandika na kusoma barua za ofisini. Nasaba ambazo zamani zilihitaji kufika kwa babu au baba wa babu tu zikarefushwa mpaka kwa mtu wa kwanza aliyesemekana kukanyaga pale. Magofu ya maboma yaliyohamwa na miti ya kutundika mizinga ikageuka vielelezo vya kesi. Viapo vikarudishwa, mara nyingine dhidi ya watu waliokuwa wakioana na kuazimana mbegu. Koo ndogo zikatafuta undugu na koo kubwa ili zipate ulinzi, na waliohesabiwa ndani kwa vizazi viwili wakaambiwa sasa ni wageni waliokaribishwa. Yote yalisemwa kwa lugha ya mila, na wengi wa waliosema waliamini wanachosema. Ndiyo sababu kesi hizi ni ngumu kuziamua. Uongo wa mtu mmoja hakimu anaweza kuunasa, lakini hapa jamii nzima ilikuwa ikipanga upya kumbukumbu zake chini ya tishio la kupoteza kila kitu.

Jambo lenyewe halikuwa geni Kenya. Wakikuyu walikuwa wamepeleka madai ya ardhi kwa jina la koo mbele ya tume ya ardhi ya wakoloni, Tume ya Carter ya 1932 hadi 1934, na tangu hapo picha ya ukoo wenye ardhi yake ikatiwa nguvu katika maandishi na katika siasa. Tofauti ya Mbeere ni kwamba ujenzi huo ulitokea mbele ya macho ya watafiti, siku baada ya siku, na chini ya serikali ya Waafrika wenyewe iliyokuwa ikihubiri kusaidiana.

Gharama yake ilionekana mapema. Mwanaanthropolojia David Brokensha na Glazier waliandika juu ya mabadiliko ya ardhi ya Wambeere katika jarida la Africa mwaka 1973. Mwaka 1977 Brokensha na Mkenya E. H. N. Njeru wakatoa, kupitia Taasisi ya Mafunzo ya Maendeleo ya Chuo Kikuu cha Nairobi, taarifa juu ya matokeo ya upimaji katika tarafa ya Mbeere. Kesi zilikula mali ambayo ingesomesha watoto au kununua jembe la ng'ombe. Wenye elimu na mshahara walitoka na zaidi, wajane na wasio na mtu wa kuwasemea wakatoka na kidogo. Ua ulipopita, mbuzi hawakuwa tena na njia ya kwenda malishoni, na mwanamke aliyekuwa akiokota kuni popote akalazimika kuomba ruhusa kwa mwenye shamba. Mti nao ulibadilika hadhi: ukawa mali ya mtu, na mali ya mtu huweza kuchomwa makaa msimu ukiwa mbaya. Brokensha na mtafiti mwenzake Bernard Riley walikuwa wakati huo huo wakiandika majina na matumizi ya mimea ya Mbeere, kazi iliyochapishwa kwa juzuu mbili mwaka 1988. Sura yao juu ya jinsi Wambeere wanavyoijua mimea yao imo katika kitabu cha 1980 kilichosaidia wasomi wa dunia nzima kuyachukua maarifa ya wenyeji kama elimu kamili. Ni heshima kubwa kwa watu wa nchi hii, na inauma kujua kwamba maarifa hayo yalikuwa yakiandikwa wakati pori lililoyazaa linakatwa vipande.

Kuna atakayesema kwamba Kenya ilikosea kwa sababu ujamaa wake ulikuwa wa jina tu, na kwamba ujamaa wa kweli, wa Tanzania, ungeilinda jamii. Nimelitafakari pingamizi hili kuliko mengine, kwa kuwa lina ukweli ndani yake: Mwalimu Nyerere aliikataa hati ya milele ya mtu binafsi tangu 1958, na nchi yake haikupita katika vita vya nasaba kama vya Mbeere. Lakini tazama walivyofanyiwa watu wachache wa huko. Wahadzabe walisukumwa wakae kijijini Yaeda katikati ya miaka ya 1960, hata kabla ya Azimio la Arusha la Februari 1967, kwa kuwa kuwinda na kuchimba mizizi kulionwa kuwa si maisha ya raia wa taifa jipya. Wamasai walipangiwa mavazi. Wabarabaig wa Hanang walinyang'anywa takriban ekari 100,000 za malisho yao bora ili shirika la umma, NAFCO, lilime ngano kwa msaada wa Kanada, na trekta zikapita hata juu ya makaburi ya wazee wao. Walipokwenda mahakamani katika miaka ya 1980, Mahakama ya Rufani iliwaambia hawakuthibitisha kwamba wao ni wenyeji kwa maana ya sheria. Mtafiti Charles Lane ameyaandika mateso hayo kwa kirefu katika kitabu chake cha 1996. Kwa hiyo serikali mbili zilizotofautiana katika kila kitu juu ya umiliki zilikubaliana kwamba zinaijua jadi ya Mwafrika bila kuwauliza Wambeere, Wabarabaig au Wahadzabe. Moja iliona katika jadi mkulima anayengoja hati, nyingine ikaona mwanakijiji anayengoja shamba la pamoja. Mchungaji, mwindaji na mlimaji wa kuhamahama hawakuwemo katika picha hizo.

Tukitoka Afrika, hali ni ile ile kwa namna nyingine. Mwanaanthropolojia Caroline Humphrey alipochunguza shamba la ushirika la Waburiati huko Siberia, katika kitabu alichokichapisha 1983, alikuta undugu ukifanya kazi ndani ya taasisi iliyokusudiwa kuuondoa: watu walitumia jamaa kupata kazi, mifugo na upendeleo, na sherehe za jadi zikazunguka mali zilizotoka kwenye ushirika. Mwanzo wa utafiti wa aina hii, wengi walitafuta jambo moja tu, kama mila zimebaki au zimekufa. Kazi za Mbeere na za Siberia zinatulazimisha kuuliza kitu kingine: mila inafanya kazi gani sasa, kwa faida ya nani, na nani analipa? Kwa maoni yangu hili ndilo swali ambalo korti ya Siakago, na kila baraza la wazee linaloketi kwa idhini ya mahakama, linapaswa kuanza nalo.

Najua litakalojibiwa na wengi: hao ni Wazungu waliokuja, wakaandika, wakaondoka, na sasa tunaambiwa wao ndio wanaoujua ukoo wetu. Nina majibu mawili. La kwanza, hawakuwa peke yao. Njeru nimeshamtaja, na mwanahistoria H. S. K. Mwaniki alikusanya masimulizi ya wazee wa Embu na Mbeere na kuyachapisha mwaka 1973 na 1974, kwa hiyo tuna sauti za wenyewe za kupimia wageni. La pili ni zito zaidi. Anayewakataa watafiti hawa hawezi kukataa kumbukumbu za serikali yenyewe. Majalada ya kamati za upimaji yameandika nani alidai nini, kwa nasaba gani, na ni mashahidi gani waliosimama. Nasaba iliyotolewa katika miaka ya 1970 ikilinganishwa na inayotolewa leo juu ya ardhi hiyo hiyo, tofauti zitajitokeza bila msaada wa profesa yeyote.

Wapo pia wanaosema kwamba namtukana mzee kwa kudai ukoo wake umeundwa juzi. Sivyo. Watu waliojenga ukoo wa kesi walifanya jambo la busara kwa hali waliyowekwa. Waliambiwa waingie ulingoni na sheria ngeni, wakatumia walichokuwa nacho, na wengi waliokoa ardhi ya watoto wao. Chombo kilichobuniwa kwa ajili ya kushinda kesi, hata hivyo, hubeba tabia za kesi. Kinahitaji kiongozi asiyepingwa hadharani, kinapunguza idadi ya wanaostahili ili mgawo uwe mkubwa, na kinahesabu wanaume. Nasaba ya kudai ardhi ilipita kwa baba, mwana na mjukuu. Dada alitajwa alipohitajika kama shahidi wa ndoa. Mwanamke wa Mbeere ambaye zamani alikuwa na shamba lake la kunde, lililotambuliwa kuwa lake ndani ya nyumba yake, aliingia kwenye daftari kama mke wa mwenye hati, bila jina. Tukimrudisha leo mbele ya wazee wa ukoo kwa jina la mila, tunampeleka kwa chombo kilichomfuta.

Na hati miliki zenyewe? Zimesaidia, siwezi kukana. Kuna aliyekopa akajenga, kuna aliyelima muguka akasomesha watoto bila hofu ya kufukuzwa, na hakuna mtu timamu anayetaka hati zirudishwe serikalini. Hata hivyo ahadi kubwa ya 1965 ilikuwa mikopo, na benki haikuwahi kulipenda sana shamba la nchi kavu, lenye mvua ya kubahatisha, kama dhamana. Mbeere ilipewa nafasi mwanzoni mwa miaka ya 1970 katika Mpango Maalumu wa Maendeleo Vijijini, mojawapo ya maeneo sita ya majaribio nchini, na Jeremiah Nyagah, mwana wa hapa, alikuwa Waziri wa Kilimo katika miaka hiyo. Mabwawa ya Mto Tana nayo yalijengwa mpakani mwake, Kindaruma 1968, Kamburu 1974, Gitaru 1978, Masinga 1981, Kiambere 1988, na umeme ukaenda kwanza mbali. Fedha zilikuja na mwana wa nyumbani alikuwa barazani. Bado kanuni ya kuwekeza penye mvua ilikuwa na nguvu kuliko vyote viwili.

Linalowezekana sasa ni dogo, lakini ni la haki. Sheria ya Ardhi ya Jamii ya 2016 inaitaka jamii inayodai ardhi ijisajili na iwe na orodha ya watu wake, na kamati yake ichaguliwe na mkutano wa wote. Ukoo unaojitokeza kortini au mbele ya wazee kudai ardhi ungetakiwa vivyo hivyo: utoe majina ya watu wake wote, wanawake kwa wanaume, ueleze nani amechanga kiasi gani, na useme kabla ya hukumu mgawo utakuwaje ukishinda. Wizara ya Ardhi ifungue majalada ya upimaji ya Mbeere kwa wakazi, si kwa mawakili tu. Chuo Kikuu cha Embu, kilichopata hati yake 2016, kina uwezo wa kuziweka kazi za Mwaniki, Njeru, Brokensha, Riley na Glazier kwa Kiswahili na Kimbeere, katika maktaba za hapa hapa, ili msichana wa Siakago anayeambiwa kwamba mila haimjui aweze kuangalia mwenyewe mila hiyo iliandikwa lini na nani alikuwa kwenye kamati.